Birmingham, Westminster au Crufts: maonyesho gani ya mbwa yanakufaa?

Mtu akishaanza kupenda mbwa wa mbegu safi, hakawii kujiuliza: katika maonyesho makongwe ya mbwa ambayo bado yanafanyika, nifuate lipi? Wapo wanaotaka kusafiri wakajionee. Wapo wenye mbwa wa cheti wanaotamani siku moja kumwingiza ulingoni. Wapo pia, na mimi nimo humo, wanaovutwa zaidi na historia: ilikuwaje watu wa karne ya 19 wakaanza kumpa mbwa zawadi kwa umbo lake, si kwa kazi yake?

Wengi hujibu haraka kwamba ni Crufts, kwa kuwa ndilo jina linalosikika. Naliona jibu hilo kuwa la pupa. Birmingham ya Uingereza ilianza 1859, Westminster ya New York 1877, na Crufts, ya Uingereza pia, 1891. Ni miaka 32 tu kati ya la kwanza na la mwisho, lakini waanzilishi wao walikuwa watu wa namna tatu tofauti kabisa: wafugaji na wawindaji, wanachama wa klabu ya mjini, na mfanyabiashara. Ukiingia leo utakuta alama zao bado zipo, kwenye aina ya mbwa wanaoruhusiwa, kwenye namna ya kuhukumu, hata kwenye kile mgeni anachoweza kufanya akiwa humo ndani. Ndiyo maana linalomfaa jirani yako huenda lisikufae wewe.

Nimelinganisha kwa vigezo gani

Nimetumia vigezo vitano kwa yote matatu: asili yake, nani anaruhusiwa kuingiza mbwa, hukumu inavyokwenda, msimamo kuhusu mwili na afya ya mbwa, na hali ya mtazamaji, awe amekwenda mwenyewe au anafuatilia akiwa nyumbani. Sikuweka kigezo cha ukubwa peke yake. Ukubwa hausemi chochote mpaka ujue unatafuta nini.

Asili

Kabla ya 1859 tayari kulikuwa na mikutano midogo ya mbwa katika vilabu vya pombe vya London. Jemmy Shaw, mwenye kilabu aliyejulikana sana mjini humo, aliwakusanya wapenzi wa teria na spanieli wadogo, mbwa wakapangwa mezani watu wakilinganisha masikio na pua. Mapigano ya mbwa yalikuwa yamepigwa marufuku kisheria tangu 1835. Buldogi, aliyekuwa akifugwa kwa ajili ya damu ile, alikuwa amebaki bila kazi, na waliompenda wakaanza kumthamini kwa sura. Hapo ndipo utamaduni huu ulipoanza kuota, muda mrefu kabla ya mtu yeyote kukodi ukumbi.

Maonyesho rasmi ya kwanza yanayotajwa na wanahistoria yalifanyika Newcastle upon Tyne, Juni 28 na 29, 1859, pembeni ya maonyesho ya kuku. Waliruhusiwa mbwa wa bunduki tu, yaani pointa na seta, na zawadi zilikuwa bunduki za fundi wa mji huohuo, W. R. Pape. Jaji wa upande mmoja alijizolea ushindi kwa mbwa wake upande wa pili, na mwenzake vivyo hivyo. Hakuna aliyevunja kanuni, kwa kuwa kanuni zenyewe hazikuwepo. Newcastle haikuendelea kuwa tukio la kila mwaka, kwa hiyo siiweki kwenye orodha ya kuchagua, lakini ukiielewa hiyo utaelewa kwa nini mengine yote yalitafuta kanuni kwa bidii.

Birmingham ndiyo iliyopokea wazo hilo miezi michache baadaye, mwaka uleule wa 1859. Safari hii pia walikuwa mbwa wa uwindaji, na nyuma ya mpango huo alikuwepo Richard Brailsford, mtu aliyeishi na mbwa wa kazi. Kilichonivutia ni uamuzi wa mwaka uliofuata. Mwaka 1860 wakafungua mlango kwa mbwa wasio wa uwindaji, na maingizo yakafika 267. Hapo buldogi, mbwa wa walinzi na mbwa wa mapajani walisimama jengo moja na pointa wa mabwana. Kufikia 1865 watu wa Birmingham walikuwa wamejenga ukumbi mahususi kwa maonyesho ya mbwa, Curzon Hall. Fikiria mji wa viwanda, wa chuma na moshi, unajenga jumba kwa ajili ya mbwa! Reli ndiyo iliyowezesha hayo: mfugaji wa mbali alimpakia mbwa wake kwenye treni, akamshusha mjini, akamrudisha na kombe.

Tatizo lilikuwa kumbukumbu. Mbwa kumi walijiandikisha kwa jina lilelile fupi, hakuna aliyejua nani mtoto wa nani, na malalamiko ya udanganyifu hayakukatika. Mwaka 1873, Sewallis Shirley, mbunge na mpenzi wa teria, akakutana na wenzake London wakaunda Kennel Club, chama cha kusajili mbwa na kusimamia maonyesho yao. Mwaka uliofuata klabu hiyo ikatoa daftari la kwanza la ukoo lenye mbwa 4,027. Birmingham haikupiga magoti mara moja. Wao walikuwa wametangulia, na kwa miaka kadhaa pande hizo mbili zilivutana kabla ya kuelewana. Mpaka leo chama cha Birmingham kina fahari ya mtu aliyekuwepo kabla ya serikali kuundwa.

Westminster ilizaliwa kwingine kabisa. Mabwana wa New York waliopenda kuwinda walikuwa wakikutana katika hoteli iliyoitwa Westminster, wakinywa na kusimuliana habari za mbwa wao. Wakaunda klabu, wakaipa jina la hoteli, wakaagiza kutoka Uingereza pointa aliyeitwa Sensation, ambaye kichwa chake ndicho nembo ya klabu hiyo hadi sasa. Mei 1877 wakafanya maonyesho ya kwanza katika Gilmore's Garden. Waliingia mbwa 1,201. Ilipangwa siku tatu, watu wakafurika, ikaongezwa ya nne, na mapato ya siku hiyo ya ziada yakapelekwa kwa chama cha kuzuia ukatili kwa wanyama ili kusaidia makazi ya mbwa waliopotea. Gazeti, fedha, watu mashuhuri: vyote vilikuwepo tangu siku ya kwanza. Jambo jingine la kukumbuka ni kwamba American Kennel Club ilianzishwa 1884, miaka saba baadaye. Hata Marekani, maonyesho yaliitangulia mamlaka.

Crufts ni kazi ya mtu mmoja, Charles Cruft. Alianza akiwa kijana katika duka la James Spratt, muuza biskuti za mbwa, London. Kazi yake ilimzungusha kwenye nyumba za wafugaji wakubwa, akawajua wote kwa majina. Mwaka 1878 alisimamia sehemu ya mbwa kwenye maonyesho ya kimataifa ya Paris, 1886 akaandaa maonyesho ya teria peke yao, na 1891 akafungua maonyesho ya mbegu zote chini ya jina lake mwenyewe, katika Royal Agricultural Hall, Islington. Mbwa walikuwa karibu 2,000. Malkia Victoria aliingiza mbwa wake, wakiwemo Pomerania, na baada ya hapo hakuna mwenye mbwa wa thamani aliyetaka kukosa. Cruft alifariki 1938. Mjane wake, Emma, akaendesha ya mwaka uliofuata, vita ikaingia, kisha 1942 akaikabidhi Kennel Club kwa mauzo ili jina lisife. Ya kwanza chini ya wenyewe wapya ilifanyika 1948.

Nani anaruhusiwa kuingiza mbwa

Hapa tofauti ni kubwa, na wengi hupoteza miaka kwa kutoijua.

Birmingham, ambayo siku hizi huitwa National na hufanyika Mei katika viwanja vya maonyesho vya Staffordshire, nje ya jiji lenyewe, ni maonyesho ya ubingwa yaliyo wazi. Mbwa aliyesajiliwa Kennel Club, mwenye umri wa miezi sita na kuendelea, anaweza kuingia hata kama hajawahi kushinda kitu. Aliyesajiliwa nje ya Uingereza huomba kwanza namba ya kibali cha kushindana. Na hapa ndipo vinapotolewa vyeti vinavyomfanya mbwa awe bingwa: vitatu, kutoka kwa majaji watatu tofauti, angalau kimoja baada ya mbwa kutimiza mwaka mmoja.

Crufts huwezi kuingia tu. Ni lazima mbwa awe amefuzu kwa kushinda nafasi kwenye maonyesho ya ubingwa, na Birmingham ni mojawapo ya milango hiyo. Mbwa wa nje nao hufuzu kupitia maonyesho yanayotambuliwa katika nchi zao. Zamani hilo halikuwezekana kwa sababu ya karantini ya miezi sita iliyowekwa kuzuia kichaa cha mbwa. Mpango wa pasipoti za wanyama ulipoanza, Crufts ya 2001 ikapokea mbwa kutoka nje. Mwaka 2025 mshindi mkuu alikuwa wipeti, mbwa mwembamba wa mbio, kutoka Italia.

Westminster ndiyo nyembamba zaidi. Nafasi ni takribani 2,500, na karibu wote wanaoingia ni mabingwa tayari kwa hesabu ya Marekani, yaani wamekusanya pointi 15 zikiwemo ushindi mkubwa chini ya majaji tofauti. Walio juu kabisa katika kila mbegu hualikwa mapema. Kwa hiyo mfugaji mchanga atakayekwenda Westminster kutafuta nafasi yake ya kwanza amepotea njia. Pale watu huenda kuvuna walichopanda kwingine.

Msomaji aliye Nairobi, Arusha au Kampala mwenye mbwa wa cheti azingatie jambo la kichaa cha mbwa kabla ya jingine lolote. Kumwingiza mbwa Uingereza kutoka Kenya au Tanzania kunahitaji maikrochipu, chanjo, kipimo cha damu siku 30 au zaidi baada ya chanjo, kisha kusubiri miezi mitatu tangu damu itolewe, pamoja na dawa ya minyoo siku chache kabla ya kufika. Marekani nayo tangu Agosti 2024 imekaza masharti kwa nchi inazoziona kuwa na hatari kubwa ya ugonjwa huo, na nchi zetu zimo. Kanuni hizi hubadilika, zisome upya kwa mwaka unaosafiri.

Hukumu inavyokwenda

Kwa yote matatu, jambo moja ni lilelile, na ndilo ambalo mgeni huchelewa kulishika: jaji halinganishi kwanza mbwa na mbwa. Analinganisha kila mbwa na kielelezo kilichoandikwa cha mbegu yake. Ndiyo maana mbwa mdogo wa mapajani anaweza kumshinda mbwa mkubwa mwenye misuli. Kila mmoja anapimwa dhidi ya picha yake mwenyewe, na aliyeikaribia zaidi ndiye anashinda.

Tazama jaji mmoja kwa utulivu, dakika mbili tu, uone. Husimama kwanza mbali kidogo, akimwangalia mbwa kwa ubavu. Kisha humsogelea kwa mbele ili asimshtue, akamshika kidevu, akafunua midomo kuona meno ya juu na chini yanavyokutana. Mikono hushuka shingoni, ikapima pembe ya bega, ikazunguka kifua, ikapita uti wa mgongo, ikabana paja. Kwa dume hukagua kama korodani zote mbili zimeshuka. Mbwa mdogo hufanyiwa haya juu ya meza. Baada ya hapo jaji husema, "Mpeleke na kurudi", na mwenye mbwa hukimbia naye kwa mstari ulionyooka, jaji akiangalia miguu ya nyuma wanapoondoka na ya mbele wanaporejea. Mwenye mbwa huwa na vipande vya maini makavu mfukoni, na mbwa aliyefunzwa vizuri hukaza macho kwenye mfuko huo muda wote. Haya yote umbo lake ni lilelile tangu enzi za Curzon Hall, ila siku hizo mbwa walifungwa minyororo kwenye majukwaa yaliyotandikwa majani makavu, wageni wakipita mbele yao.

Sasa tofauti. Birmingham na Crufts zina madaraja mengi ndani ya mbegu moja: watoto, vijana, wasio na ushindi mkubwa, na walio wazi kwa wote. Washindi wa madaraja hukutana, dume bora na jike bora hupatikana, kisha mbwa bora wa mbegu, kisha bora wa kundi la mbegu za aina moja, kisha mshindi mkuu. Anayejifunza hupata mengi hapo kwa sababu anaona mbegu moja ikikua, kutoka mtoto wa miezi sita hadi mkongwe. Westminster hukata ngazi hizo: mabingwa wa mbegu huingia pamoja, mmoja hutoka, anakwenda kundini. Ni kasi, na ni msisimko. Jaji wa mwisho huwekwa mbali na habari zote mpaka anapoingia uwanjani, asijue ni mbwa gani saba walioshinda makundi.

Historia za washindi nazo zinaonyesha ladha. Westminster ilianza kutoa tuzo ya mshindi mkuu 1907, na foksi teria jike aliyeitwa Warren Remedy aliichukua mara tatu mfululizo. Hakuna mwingine aliyefika hapo. Teria wametawala pale miaka mingi, wakati Labrador na Golden Retriever, wapendwa wa nyumba za Wamarekani, kufikia 2025 walikuwa bado hawajaonja ushindi huo. Crufts ilianza tuzo hiyo 1928 kwa grehaundi Primley Sceptre, na kati ya 1930 na 1950 mfugaji mmoja wa koka spanieli, H. S. Lloyd, aliibeba mara sita kwa mbwa watatu tofauti. Mtu akikuambia kwamba tuzo hizi ni bahati nasibu, mtajie rekodi ya Lloyd.

Mwili na afya ya mbwa

Kigezo hiki ndicho kilichonifanya niandike, na sitakipita kwa haraka.

Utamaduni wa kuonyesha mbwa ulileta mema mawili ya kweli: kumbukumbu za ukoo, na watu kujali mbegu ambazo pengine zingepotea. Lakini ulileta pia mashaka yaliyoonekana mapema. Ukimpa zawadi mbwa mwenye uso mfupi, mwakani ataletwa mwenye uso mfupi zaidi. Daftari la ukoo likifungwa kwa mbwa wa nje, damu mpya haiingii tena. Swali ni kila upande umelijibu vipi.

Uingereza ilichukua hatua ya kwanza mapema. Kukata masikio ili yasimame kulikuwa desturi ya mbegu kadhaa, na mwana wa Malkia Victoria, aliyekuja kuwa Mfalme Edward wa Saba, alilipinga. Kuanzia 1898 Kennel Club ikakataza mbwa waliokatwa masikio kuonyeshwa chini ya kanuni zake. Kuhusu mikia, mbwa aliyekatwa mkia kuanzia Aprili 6, 2007 haruhusiwi Uingereza kwenye maonyesho ambayo watu hulipa kiingilio. Kwa hiyo Birmingham na Crufts ziko chini ya sheria moja. Westminster hufuata vielelezo vya Marekani, na huko utaona Doberman mwenye masikio yaliyochongwa na mkia mfupi. Wenyewe hutetea kwamba ndiyo sura ya kihistoria ya mbegu hiyo na kwamba uamuzi ni wa mwenye mbwa na daktari wake. Mimi nipo upande wa masikio mazima, lakini sitaki msomaji afike New York ashtuke, au aamini kwamba Wamarekani hawawajali mbwa wao.

Crufts ilipata msukosuko mkubwa zaidi 2008, BBC iliporusha makala iliyoonyesha mateso ya kurithi kwa baadhi ya mbegu. BBC ikaacha kuitangaza. Mwaka 2009 Kennel Club ikakataa kusajili watoto waliozaliwa na ndugu wa karibu kabisa, kama baba na binti. Mwaka 2012, madaktari wakaanza kuwakagua mbwa bora wa mbegu 15 zenye mashaka kabla ya kuingia kundini, na washindi wa mbegu sita, wakiwemo buldogi na Pekingese, wakazuiwa. Palikuwa na machozi na hasira. Naamini lilikuwa jambo sahihi, na ningependa kuona ukali huo kila mahali. Mfumo huohuo unaigusa pia Birmingham kwa sababu ziko chini ya mamlaka moja.

Kwa upande wa Marekani kuna mfano mmoja mwema unaotuhusu moja kwa moja, nao ni basenji, mbwa wa Kongo asiyebweka kama wengine. Alionyeshwa Crufts mapema sana, 1895, kwa jina la "teria wa Kongo", na wale wa mwanzo wakafa kwa ugonjwa wa distempa. Walifanikiwa kuletwa tena miaka ya 1930, na wa Crufts ya 1937 wakavuta umati. Lakini mbegu nzima ya Ulaya na Marekani ilitokana na mbwa wachache mno, na maradhi ya kurithi, hasa ya figo, yakaenea. Wapenzi wa Kimarekani wakasafiri hadi Zaire (Kongo ya sasa) mwishoni mwa miaka ya 1980, wakarudi na mbwa wa vijijini, na 1990 American Kennel Club ikafungua daftari lililokuwa limefungwa ili kuwaingiza. Mbwa wa kijijini asiye na karatasi hata moja ndiye aliyekuja kuisaidia mbegu yenye vyeti. Mwaka 2001 basenji akawa mshindi mkuu wa Crufts. Kila ninapokutana na mtu anayedhani mbwa wa kwetu hana thamani, humpa habari hiyo.

Mtazamaji: wa pale na wa mbali

Crufts ni siku nne, kuanzia Alhamisi hadi Jumapili, mwezi Machi, na tangu 1991 hufanyika NEC, kituo kikubwa cha maonyesho pembeni ya uwanja wa ndege wa Birmingham. Usichanganye na maonyesho yale yanayoitwa Birmingham: jina la jiji ni lilelile, lakini ni matukio mawili mbali kabisa. Mbwa hukaribia 20,000 na watu hupita 100,000. Alama ya Cruft mfanyabiashara iko wazi: mamia ya vibanda vya chakula, kamba, vitanda na dawa. Mbwa wa mashindano huwekwa kwenye vizimba ambapo mgeni anaweza kusimama, kuomba ruhusa na kuzungumza na mwenyewe. Kuna pia mbio za vikwazo, utiifu, na shindano la mbwa chotara. Makundi hugawanywa kwa siku, hivyo ukikosea siku unaweza kukosa mbegu yako yote.

Westminster hufanyika Januari mwishoni au Februari. Baada ya janga la korona ilihamahama, kisha 2025 fainali zikarudi Madison Square Garden. Usiku wa mwisho taa huzimwa, mwanga hubaki kwenye zulia, na watu hushangilia kama wako mpirani. Tangu 2014 chotara wanaruhusiwa kwenye mbio za vikwazo. Hoteli za Manhattan ni ghali, hilo halina dawa.

Birmingham haina taa wala televisheni. Ni viwanja vya wazi, mahema, gari limefunguliwa mlango wa nyuma na chupa ya chai. Uwezekano wa kuzungumza na mfugaji wa miaka 40 kwa nusu saa ni mkubwa kuliko kwingine kote.

Ukifuatilia ukiwa Afrika Mashariki, Crufts ndiyo rahisi: hurushwa bure kwenye chaneli yake ya YouTube, na mshindi mkuu hupatikana Jumapili usiku, karibu na saa sita za kwetu. Westminster, haki zake za matangazo ziko kwa Fox nchini Marekani, na fainali yake huangukia asubuhi kwetu, watu wakijiandaa kwenda kazini. Birmingham utaisoma matokeo yake tu.

Chagua kwa hali yako

Unataka kuona mbegu nyingi kadiri iwezekanavyo, pamoja na familia, na hujali msongamano: nenda Crufts, siku ya kundi unalolipenda, ufike mapema kabla vibanda havijajaa.

Unaishi Uingereza, umenunua mtoto wa mbwa mwenye karatasi na hujui uanzie wapi: Birmingham. Nenda mwaka wa kwanza bila mbwa, kaa kando ya ulingo wa mbegu yako, uliza maswali wakishamaliza kuhukumiwa. Mwaka wa pili ndipo umwingize. Crufts itakuja yenyewe akifuzu.

Upo Marekani na unapenda ushindani mkali wa walio bora tu: Westminster, na kama unaweza kuchagua, lipia mchana wa hukumu za mbegu kabla ya usiku wa fainali. Mchana unamwona mbwa kwa karibu na tiketi ni nafuu zaidi. Kama masikio yaliyokatwa yatakuharibia siku, tumia fedha hizo kwingine.

Unasoma historia, au unaandika: anza na Birmingham ya miaka ya 1860 kwa jinsi madaraja na mbegu zilivyogawanywa, ingia Westminster kwa uhusiano wa mbwa, fedha na magazeti, kisha Crufts kwa biashara na televisheni. Ukianza na Crufts utadhani kila kitu kilibuniwa na mtu mmoja.

Upo Ghuba na unapenda saluki: haya matatu yanaweza kusubiri. Maonyesho ya uwindaji ya Abu Dhabi yana shindano la uzuri wa saluki, na huko mbwa huyo yuko kwa watu waliomfuga vizazi na vizazi.

Una mbwa wa cheti Kenya au nchi jirani: usianze na ndege. East Africa Kennel Club ya Nairobi husajili mbwa na kuandaa maonyesho. Mfundishe mbwa wako kusimama, kukaguliwa meno na kukimbia kwa mstari, mwingize hapo, sikiliza jaji anasema nini kuhusu mgongo na miguu yake. Mpime nyonga na macho kabla ya kumzalisha. Akishashinda nyumbani zaidi ya mara moja, ndipo uulize chama kuhusu njia ya kufuzu Crufts, na uanze kuhesabu miezi ya kipimo cha damu.